Mbwa hakulishwa sumu, mpime damu

Huku mitaani kwetu Dar mbwa akifa maelezo huwa ni moja tu, kalishwa sumu. Utasikia wezi walimrushia nyama juu ya ukuta, au jirani alichoka na kelele za usiku, na mlinzi ataapa kwamba kuna bodaboda ilisimama nje ya geti saa nane usiku. Sumu ipo, sikatai, kuna watu wanawalisha mbwa sumu na ni ukatili ambao sijui mtu analalaje baada ya kuufanya. Lakini sumu nyingi za mtaani zinaua haraka, ndani ya masaa, mbwa anatetemeka, anatokwa udenda, anakakamaa. Sasa mbwa aliyeacha chakula mwanzoni mwa wiki, katikati ya wiki akawa analala tu kivulini hata geti likigongwa hainuki, halafu mwisho wa wiki damu ikaanza kutoka puani, huyo mi moja kwa moja nawaza kupe. Kuna sumu ya panya ambayo nayo inatoa damu, ni kweli, na ndo maana kichwa cha habari hapo juu nimesema mpime damu, maana kwa macho tu hutaweza kutofautisha.

Linaloniuma ni kwamba huyo wa kupe anatibika. Dawa yake siyo ya kuagiza Ulaya, ipo miaka yote, vidonge vyake hata famasi za binadamu vinauzwa. Mbwa anakufa kwa sababu tulikuwa tunamtafuta mwizi wakati muuaji ana miguu minane na yuko kwenye ufa wa banda.

Kwanza tuelewane kuhusu huyu kupe. Ukigugo magonjwa ya kupe kwa mbwa utajaziwa habari za ugonjwa wa Lyme, unaambiwa usipite na mbwa msituni, jihadhari na wanyama kama paa, jihadhari na majani marefu. Hizo ni habari za Marekani na Ulaya, kupe wao ni mwingine na mazingira yao ni mengine. Kupe mkuu wa mbwa wa mjini kwetu ni yule wa kahawia, wataalamu wanamuita Rhipicephalus sanguineus, na huyu hana shida na msitu kabisa. Huyu ni kupe wa nyumbani. Anaweza kuanza maisha yake na kuyamaliza ndani ya uzio wako bila kukanyaga jani hata moja, anachohitaji ni joto, mbwa, na mahali pa kujibanza, na joto la Dar mnalijua, linamtosha mwaka mzima siyo masika tu.

Maisha yake yanaenda hivi. Anatotolewa mdogo sana, miguu sita tu, huwezi hata kumuona vizuri, anapanda kwa mbwa ananyonya siku chache kisha anadondoka. Anajificha, anajivua gamba, anakuwa mkubwa kidogo na sasa ana miguu minane, anapanda tena, ananyonya, anadondoka tena. Anajivua mara nyingine ndo anakuwa kupe kamili, anapanda mara ya tatu. Jike akishashiba anavimba anakuwa wa kijivu, duara, anayeng'aa kama mbegu ya nyonyo, na huyo ndo watu wengi wanamuona kwa mara ya kwanza wanasema jamani mbwa kapata kupe, kumbe wale wadogo walishakuwepo wiki na wiki. Akidondoka huyo jike anatafuta ufa anataga mayai, na siyo kumi wala mia, ni maelfu, yanaweza kufika 4,000 kwa jike mmoja. Kisha anakufa, kazi yake imeisha.

Sasa fikiria hapo, mara tatu anapanda na mara tatu anadondoka, na katikati anakaa muda mrefu chini, ukutani, kwenye magunia. Yaani wakati wowote ule, kupe wengi wa nyumba yako hawapo kwa mbwa. Wale unaowaona sikioni ni wachache waliokuja kula. Na wana uvumilivu wa ajabu, aliyekomaa anaweza kukaa bila kula zaidi ya mwaka mmoja anasubiri tu, ndo maana mtu anahamia nyumba ya kupanga iliyokaa tupu muda mrefu, analeta mbwa wake msafi kabisa, wiki mbili mbwa amejaa kupe na mtu anashangaa wametoka wapi. Walikuwepo. Walikuwa wanamsubiri.

Na hapa niseme jambo ambalo naona hatulisemi. Namna tunavyofuga mbwa hapa mjini inamfaa huyu kupe kuliko mbwa mwenyewe. Mbwa wetu wengi ni wa ulinzi, mchana anafungiwa bandani ili wageni wapite, usiku anafunguliwa. Banda lenyewe ni mbao za mabanzi au mapaleti, juu bati, chini udongo au gunia kuukuu la kulalia. Nyuma yake kuna ukuta wa fensi, bloku ambazo hazijapigwa lipu, na kati ya bloku na bloku kuna vile vitundu ambavyo fundi hakujaza udongo vizuri. Nenda na tochi ya simu uangalie vile vitundu usiku, hasa vya juu, karibu na bati. Huyu kupe anapenda kupanda, akishiba anapanda juu ukutani kujificha. Mi nilipomulika kwenye banda moja huku Goba niliona mstari wa kupe wamejipanga kwenye kona ya mbao na bati, wakubwa kwa wadogo, na pembeni yao ganda zilizovuliwa na lundo la mayai ya kahawia yanayong'aa. Mbwa alikuwa ameogeshwa juzi yake. Mwenye mbwa alikuwa anaogesha kila wiki na hakosi, na kila wiki mbwa anarudi kulala masaa kumi na mbili chini ya hao.

Tuje kwenye ugonjwa. Kupe hawa hawaui mbwa kwa kunyonya damu tu, ingawa mtoto wa mbwa akijaa kupe wanaweza kummaliza damu hivyohivyo. Shida kubwa ni wanachokibeba. Viko kadhaa ila viwili ndo naomba uvijue kwa jina, babesia na kile ambacho kwenye karatasi ya maabara kinaandikwa Ehrlichia canis, mi hapa nitaandika erlikia.

Babesia ni kijidudu kinachoingia kwenye chembe nyekundu za damu na kuzipasua, ni habari ileile ya malaria kwetu sisi. Wafugaji wa ng'ombe wanawajua jamaa zake, maana ng'ombe nao wana babesia yao, wakikojoa mkojo mwekundu mfugaji haulizi mara mbili. Tena historia yake inanivutia sana, mwaka 1893 huko Marekani watafiti Theobald Smith na Kilborne walionyesha kwamba kupe ndo wanaoeneza ile homa ya ng'ombe wa Texas, hiyo ni miaka 4 kabla Ronald Ross hajakiona kijidudu cha malaria ndani ya mbu. Kwahiyo elimu ya kwamba mdudu mdogo anaweza kubeba homa kutoka kwa mnyama mmoja hadi mwingine, kupe alitangulia kutufundisha kabla ya mbu. Kwa mbwa, babesia inaleta homa, ufizi unapauka, anahema haraka hata akiwa amelala, mkojo unakuwa mwekundu au wa kahawia, wengine macho na ufizi vinakuwa vya manjano. Inaweza kwenda haraka sana, hasa kwa watoto wa mbwa, na kuna aina moja ya babesia ambayo ni kali kuliko nyingine, inabebwa na kupe mwingine tofauti na huyu wa kahawia. Hapo siku mbili za kusubiri ni nyingi mno.

Erlikia ni bakteria, inaingia kwenye chembe nyeupe, wale askari wa mwili wenyewe. Iligunduliwa Algeria mwaka 1935, Afrika hapahapa, kwenye mbwa waliojaa kupe. Dunia haikuishughulikia sana mpaka miaka ya 1960 mwishoni, vita ya Vietnam, jeshi la Marekani likapoteza mbwa wake wa kazi kwa mamia kwa ugonjwa wa kutokwa damu puani, na wengi walikuwa jemani shepadi. Hilo la shepadi lina maana kwetu kwa sababu hapa Dar kila mwenye uwezo kidogo anataka shepadi getini. Mbwa wote wanaupata ugonjwa huu, koko anaupata, rotwaila anaupata, ila shepadi wengi unawapiga vibaya zaidi, damu yao inashuka zaidi na wanakufa zaidi. Ukinunua shepadi na huna mpango wa kupe, umemnunua mgonjwa mtarajiwa.

Erlikia inakuja kwa awamu, na hii ndo sehemu nataka uisome polepole maana hapa ndo mbwa wanapotea.

Baada ya kung'atwa na kupe mwenye vijidudu, inapita wiki moja mpaka tatu hivi, ndo homa inaanza. Mbwa anakuwa mvivu, chakula hataki au anakula nusu, tezi za chini ya taya na nyuma ya goti zinavimba, macho yanatoa tongotongo, wengine wanachechemea viungo vinauma. Hali hii inakaa wiki mbili mpaka nne. Halafu, bila dawa yoyote, mbwa wengi wanaonekana wamepona. Anakula, anabweka, anarukia watu. Mwenye mbwa anafurahi. Lakini vijidudu viko palepale, vimejibanza kwenye bandama na sehemu nyingine, na vinaweza kukaa hivyo miezi, hata miaka. Kuna mbwa wanaobahatika mwili unavimaliza kabisa. Kuna wengine siku moja ugonjwa unaamka, na safari hii umeingia kwenye uboho, kule damu inakotengenezwa, na kiwanda chote kinafungwa, chembe nyekundu hazitoshi, nyeupe hazitoshi, chembe sahani zile zinazogandisha damu hazitoshi. Hapo ndo damu puani, madoa mekundu tumboni na kwenye ufizi, mbwa anakonda mpaka mbavu zinahesabika, macho yanaingia ukungu. Awamu hii ya mwisho kumrudisha mbwa ni kazi ngumu sana hata kwa daktari mzuri.

Sasa weka hapo katikati ile tabia yetu ya sindano moja. Mbwa kaacha kula, mtu anapiga simu, anakuja mtu na pikipiki na boksi lake, wengine kweli ni wataalamu na wengine wamejifunza kwa kuangalia, anachoma sindano, mara nyingi ni oksitetra ileile ya ng'ombe, na vitamini juu. Kesho yake mbwa anakula. Kila mtu anamsifu. Na sindano ile kweli imefanya kitu maana dawa hiyo ni ya familia moja na ile inayotakiwa, imeipiga erlikia ikalala. Imelala tu. Matibabu yenyewe ni doksisaiklini kila siku kwa siku 28, kipimo kinaendana na kilo za mbwa, kawaida ni miligramu 10 kwa kilo kwa siku, na daktari anaamua kama ni mara moja au kugawa mara mbili. Siku ya tatu mbwa atakuwa mzima kabisa kwa macho, na wewe una vidonge vya siku 25 mkononi. Hizo siku 25 ndo matibabu.

Jirani yangu, mama mmoja mtu mzima sana, alikuwa na shepadi anaitwa Tiga, mbwa wa kutulia, watoto wa mtaa mzima wanamjua. Tiga aliugua wakati wa masika, akachomwa sindano, akapona. Vuli ilipokaribia nikapita pale kumsalimia, "shikamoo mama", akaitikia, akaniambia "mwanangu hebu muangalie Tiga, siku hizi anakonda na chakula anakula". Nikamuinua mdomo. Ufizi wa Tiga ulikuwa mweupe, na juu ya ule weupe kulikuwa na vidoti vyekundu vidogovidogo kama mtu kachoma na ncha ya sindano. Mlinzi akasema huyu kuna mtu anamlisha kitu kidogokidogo. Tukampandisha kwenye bajaji tukampeleka apimwe, chembe sahani zilikuwa chini mno, kipimo cha erlikia kikaja chanya. Tiga alikunywa vidonge zaidi ya mwezi na aliongezewa damu kutoka kwa mbwa mwingine, na alipona, ila nilimuona yule mama anavyokaa chini kibarazani na bakuli la uji wa nyama anambembeleza kijiko kwa kijiko, mtu wa umri ule, na roho iliniuma kwamba yote haya yangeisha masika kwa pakiti za vidonge.

Kuhusu vidonge hivyohivyo, mambo madogo ambayo yanasumbua. Usimpe na maziwa, najua ndo tunavyoficha dawa, lakini maziwa yanapunguza nguvu ya hiyo dawa. Mpe ndani ya chakula, kipande cha nyama au ugali na mchuzi, na hakikisha amekunywa maji baada ya hapo, maana kidonge kikikwama kooni kinaunguza. Mbwa mdogo anayekua au mwenye mimba daktari aambiwe, atajua la kufanya. Na kama ni babesia, doksisaiklini peke yake haitoshi, kuna sindano zake, imidokabu au diminazini, na hii ya pili ukikosea kipimo kidogo tu kwa mbwa inampiga kwenye ubongo, kwahiyo hiyo siyo ya kukadiria kwa macho kwenye bomba la sindano. Mara nyingi kupe mmoja ameleta vyote viwili, ndo maana nang'ang'ania vipimo.

Panadol, diklofenaki, ibuprofeni, tafadhali usimpe. Najua ni homa na tunataka kushusha homa. Diklofenaki na ibuprofeni zinatoboa tumbo la mbwa na kuua figo, na mbwa ambaye damu yake haigandi ukimpa hizo unamuongezea kuvuja damu.

Unajuaje mapema? Anayejua mapema siyo mwenye mbwa. Mwenye mbwa anatoka asubuhi giza, foleni ya Bagamoyo Road au Morogoro Road, anarudi usiku. Anayejua ni yule anayeweka chakula, mlinzi au dada wa nyumbani au kijana wa bustani. Huyo mtu ndo anatakiwa aambiwe: bakuli likibaki na chakula, nipigie siku hiyohiyo, usisubiri kesho. Na mpe ruhusa kweli, asije akaogopa kwamba atasumbua.

Ukishapigiwa, inua mdomo wa mbwa, bonyeza ufizi kwa kidole, uachie. Pale pakiwa peupe parudi pinki ndani ya sekunde mbili. Mbwa wetu wengi wa kienyeji wana ufizi mweusi, huyo mshushe kope la chini la jicho uangalie ndani. Nunua kipima joto cha dijitali famasi, kiwe cha mbwa tu, paka mafuta kidogo uingize nyuma, mbwa mzima ni kati ya 38 na 39.2, ikipita 39.5 na alikuwa ametulia hana jua wala mbio, hiyo ni homa. Mkono haupimi, mbwa ana joto kuliko sisi hivyo kila siku utamuona wa moto. Na pua kavu haina maana yoyote, hiyo tuiache.

Halafu mpeleke kwa daktari wa mifugo na useme neno kupe hata kama leo huoni kupe. Omba damu iangaliwe kwenye hadubini na chembe zihesabiwe, na kama wana kipimo cha haraka cha erlikia kifanyike. Babesia inaonekana vizuri zaidi kwenye tone la damu la ncha ya sikio, daktari anayelichukua hapo ujue anajua anachotafuta. Hata hivyo kutoonekana siyo kwamba haipo, kama dalili zote zipo daktari mzuri anaanza dawa. Kwa Dar, Wakala ya Maabara ya Veterinari wapo Temeke, kupima magonjwa ya wanyama ndo kazi yao, na kliniki za wanyama mjini zimeongezeka sana miaka hii. Vidonge vikiisha rudi damu ihesabiwe tena. Kitu kingine, hakuna chanjo ya erlikia, mtu asikudanganye, ile chanjo ya kichaa cha mbwa na parvo unayopiga kila mwaka haihusiki hapa kabisa, na mbwa aliyepona anaweza kuupata tena kesho akiumwa na kupe mwingine.

Kwahiyo tunarudi bandani, maana usipomalizana na banda utanunua doksisaiklini maisha yako yote.

Toa magunia na matambara yote, choma. Ziba nyufa, mfuko mmoja wa simenti na fundi wa nusu siku vinatosha kupiga lipu upande ule wa fensi na kusakafia chini, na hii kwangu mimi ndo dawa ya kupe iliyo bora kuliko zote, inafanya kazi miaka. Banda la mbao za mabanzi kama umeweza badilisha liwe la kitu kisicho na maganda. Kisha pulizia dawa ukutani, kona za juu, chini ya bati, kwenye fremu za milango, mbwa akiwa amehamishwa mpaka pakauke. Mayai hayafi kirahisi kwa dawa, kwahiyo baada ya wiki mbili rudia, na rudia tena, usione kimya ukaacha. Kuku wanadonoa kupe, ni kweli nimeona, ila kuku hafiki kwenye kona ya bati.

Mbwa mwenyewe pia awe na kinga yake. Zipo tembe za kutafuna za mwezi mmoja au miezi mitatu kama NexGard na Bravecto, zinafanya kazi vizuri sana, ila zinaua kupe baada ya kuuma, na erlikia inaweza kuingia ndani ya masaa machache tu tangu kupe ang'ate. Ndo maana tembe bila kusafisha banda siyo kinga kamili. Mbwa mwenye historia ya kifafa mwambie daktari kabla ya kumpa hizi. Kuna mikanda ya shingoni, ile ya kweli inadumu miezi na inafukuza kupe kabla hajauma, sema mikanda feki ni mingi, nunua mahali ambapo ukirudi na malalamiko utamkuta mtu. Kilo za mbwa zijue, simama kwenye mzani umembeba, kisha simama peke yako, toa.

Wengi wetu tunatumia dawa ya kuogeshea ng'ombe kwa sababu ya bei, na sitamlaumu mtu kwa hilo. Amitrazi, ambayo ni mojawapo ya hizo, ni dawa halali kwa mbwa ikichanganywa sawasawa. Tatizo ni kupima kwa kifuniko na makadirio, ikizidi mbwa anasinzia, anayumba, mapigo ya moyo yanashuka. Uliza daktari kipimo cha mbwa kwa chupa hiyo uliyonayo, pima na bomba la sindano lisilo na sindano, vaa glovu, usimuogeshe mbwa mgonjwa wala mtoto mdogo, mwache akauke kivulini. Na kama una paka ndani, dawa hizi na zile zenye permethrini zinaua paka, wasikutane mpaka mbwa akauke kabisa, na ya mbwa usimpake paka kamwe. Oili chafu ya gari, mafuta ya taa, ile dawa ya unga ya kuhifadhia mahindi, hapana jamani. Mbwa anajilamba. Hapo sasa ndo utakuwa umempa sumu kweli.

Kupe uliyemuona mtoe kwa kibanio, shika karibu kabisa na ngozi, vuta moja kwa moja bila kuzungusha, mtumbukize kwenye kopo lenye spiriti. Angalia ndani ya masikio, katikati ya vidole, kwapani, chini ya mkanda wa shingo, chini ya mkia. Usimpasue kwa kucha, na watoto wafundishwe hivyo, maana huyu kupe mara chache anamuuma na mtu, na akiuma anaweza kuacha homa yenye kichwa kuuma sana na vipele. Ukienda hospitali na homa na nyumbani kuna kupe, mwambie daktari, kipimo cha malaria kikiwa hasi awe na pengine pa kuangalia.

Na kama mbwa wako masika iliyopita alijaa kupe, akaumwaumwa siku mbili tatu akainuka mwenyewe, na sasa hivi unamuona mzima anakimbiza pikipiki, mpeleke apimwe akiwa hivyohivyo mzima. Erlikia ikikutwa wakati huu vidonge vya mwezi mmoja kwa kawaida vinatosha, haihitaji drip wala kuongezewa damu.